Huyu Mwanamke Anataka Nini? Mwongozo Kamili wa Kusoma Vitabu Vinavyohusu Maisha ya Wanawake

Wengi wetu tulikutana na wanawake wa vitabuni kupitia swali la mtihani: jadili nafasi ya mwanamke. Majibu tuliyakariri kama wimbo. Mwanamke kama mlezi, mwanamke kama chombo cha starehe, mwanamke kama mwanamapinduzi. Unamkamata mhusika, unamtia kwenye kisanduku chake, unatoa mfano mmoja, unahamia kisanduku kinachofuata. Mimi nilipata alama nzuri kwa njia hiyo. Nilimaliza riwaya nne tano, na hakuna hata mwanamke mmoja aliyebaki kichwani mwangu.

Kilichonitoa huko ni swali dogo ambalo halikuwa kwenye karatasi yoyote: huyu anataka nini? Sikuuliza tena anawakilisha nini wala anatufundisha nini. Anataka nini leo asubuhi, nani anamzuia, na akikipata atalipa kiasi gani? Mwongozo huu wote umejengwa juu ya swali hilo. Unamfaa anayesoma peke yake na anayesoma na wenzake, mwanamke na mwanamume.

Hatua ya 1: Chagua kitabu kwa jambo linalokukera

Ziko orodha nyingi za vitabu ambavyo eti kila mtu lazima avisome kabla hajafa. Achana nazo kwa sasa. Orodha haikujui. Anza na jambo ambalo limekuwa likikuzunguka kichwani, kisha utafute kitabu kinacholigusa.

Kama ni ndoa na usaliti, anza na Mariama Bâ wa Senegal. Riwaya yake ya mwaka 1979 ilitafsiriwa kwa Kiswahili kwa jina la *Barua Ndefu Kama Hii*. Ni fupi, unaimaliza kwa siku mbili tatu. Kama ni elimu ya msichana ndani ya familia inayomtanguliza mvulana, chukua *Nervous Conditions* ya Tsitsi Dangarembga wa Zimbabwe (1988), inayoanza na binti anayekiri kwamba hakusikitika kaka yake alipofariki. Ukishasoma sentensi hiyo huwezi kukiweka kitabu chini. Kama ni uzazi, na ule uongo mtamu kwamba watoto wengi ni uzee wenye raha, kuna *The Joys of Motherhood* ya Buchi Emecheta wa Nigeria (1979), ambayo jina lake ni kejeli tupu. Kama ni mwanamke aliyefikishwa mahali ambapo hakuna mlango tena, Nawal El Saadawi wa Misri, katika *Woman at Point Zero*, alimwandika Firdaus, mfungwa anayesubiri kunyongwa, ambaye anakataa hata kuomba msamaha wa rais.

Kwa Kiswahili chenyewe hukosi pa kuanzia. *Vuta N'kuvute* ya Shafi Adam Shafi (1999) ina Yasmin, msichana wa miaka kumi na mitano aliyeozwa kwa Bwana Raza, mtu wa kumzaa. Penina Muhando aliandika tamthilia ya *Nguzo Mama* (1982) kuhusu wanawake wanaohangaika kuisimamisha nguzo yao huku wenyewe kwa wenyewe wakivutana.

Onyo moja tu: usianze na *Le Deuxième Sexe* ya Simone de Beauvoir (1949), hata kama kila mtu anaitaja. Ni kazi kubwa yenye juzuu mbili, na sura za mwanzo zinazungumzia bayolojia. Nimeona watu wakikwama ukurasa wa arobaini, kisha wakajiona wao ndio wajinga. Utaifikia, ukiwa tayari umekutana na wanawake kadhaa wa kuwapima nayo.

Hatua ya 2: Jua nani ameshika kalamu, na anamwandikia nani

Hii ndiyo hatua ninayoipenda kuliko zote, na ndiyo inayorukwa zaidi. Kabla ya kusoma ukurasa wa kwanza, tafuta majibu ya mambo mawili: maneno haya yalitoka mkononi mwa nani, na yalikusudiwa masikio ya nani?

Tazama Mwana Kupona binti Msham wa Pate. Mwaka 1858, akiwa mjane na mgonjwa, alimtungia binti yake utenzi wa wasia. Beti za mwanzo zinamweka binti mbele yetu kabisa:

*Ndoo mbee ujilisi*
*na wino na qaratasi*
*moyoni nina hadithi*
*nimependa kukwambia*

Njoo mbele ukae, uje na wino na karatasi. Simama hapo kidogo. Kabla hatujafika kwenye utii kwa mume, jambo ambalo utenzi huu umesifiwa na kulaumiwa kwalo miaka yote, kuna mama anayemwambia binti alete vifaa vya kuandikia. Maana yake ni kwamba katika chumba kile wanawake wawili walijua thamani ya wino. Halafu endelea kusoma ukikumbuka kwamba hakuna mwanamume anayeambiwa kitu hapa. Ukifika pale mama anaposema mume atunzwe kama mtoto asiyejua kunena, na kwamba binti aangalie sana kinachotoka na kinachoingia nyumbani, utajiuliza: huu ni wasia wa utii, au ni wasia wa mtu anayejua hasa nani anaendesha nyumba? Wahakiki wamevutana juu ya jambo hili na hawajamaliza. Mimi nadhani yote mawili yamo, na mama hakuona mgongano wowote. Lakini swali lenyewe haliwezi kukujia kama hukuuliza kwanza nani anamwambia nani.

Sayyida Salme, binti wa Sultani Said wa Zanzibar, aliyekuja kuitwa Emily Ruete, alichapisha kumbukumbu zake kwa Kijerumani mwaka 1886. Wasichana wa jumba lile walifundishwa kusoma, ila kuandika hawakufundishwa. Salme anaeleza alivyojifunza mwenyewe kwa siri, akinakili herufi za Kurani juu ya mfupa wa bega la ngamia. Kitabu kizima kinabadilika ukikisoma ukiwa na mfupa ule akilini. Kila ukurasa unatoka kwenye mkono uliojifunza kwa kuiba. Na kwa kuwa aliwaandikia wanawe waliokulia Ujerumani, utaona pia kwa nini wakati mwingine anaipaka nyumba ya utotoni rangi nzuri kupita kiasi, na kwa nini anautetea utumwa kwa namna inayomkera msomaji wa leo. Mpe sikio, lakini usimpe uhuru wa kukudanganya.

Sasa mgeukie Siti binti Saad, mwimbaji mkubwa wa taarabu aliyekwenda Bombay mwaka 1928 kurekodi nyimbo kwa Kiswahili. Maisha yake tunayasoma katika wasifu ulioandikwa na Shaaban Robert. Sauti ni ya Siti, kalamu ni ya Shaaban, na Shaaban alikuwa mtu wa maadili aliyependa kila maisha yatoe funzo. Ukikisoma, weka alama kila mahali unapohisi ni Siti anayesema, na alama nyingine kila mahali unapohisi ni Shaaban anayehutubu. Zoezi hilo moja litakufundisha zaidi ya kurasa kumi za nadharia.

Jina lililo juu ya jalada nalo lichunguze. Riwaya ya kwanza ya Jane Austen ilitoka mwaka 1811 bila jina lake, imeandikwa tu kwamba ni ya bibi mmoja. *Jane Eyre* ya Charlotte Brontë ilitoka mwaka 1847 kwa jina la Currer Bell. George Eliot alikuwa Mary Ann Evans. Harriet Jacobs, aliyetoroka utumwa Marekani baada ya kujificha karibu miaka saba katika uwazi mdogo chini ya paa la nyumba ya bibi yake, alichapisha simulizi yake mwaka 1861 kwa jina la Linda Brent. Kwa miongo mingi wasomi walidhani ni hadithi ya kutunga, mpaka utafiti wa miaka ya 1980 ulipothibitisha kwamba kila kitu kilikuwa maisha yake. Mwanamke aliyeficha jina ili awe salama aliishia kunyimwa hata ushahidi wake.

Hatua ya 3: Usomaji wa kwanza, fuata tamaa

Chukua penseli. Mara ya kwanza usichambue dhamira wala usihangaike na mandhari. Weka alama tatu tu. Duara pale mhusika anapotaka kitu, hata kiwe kidogo namna gani. Mstari pale anapozuiwa, au anapojizuia mwenyewe. Msalaba pale anapolipa.

Nikuonyeshe kwa tamthilia ya Henrik Ibsen wa Norway, *Nyumba ya Mwanasesere* kwa tafsiri ya jina lake, ya mwaka 1879. Pazia linafunguka, Nora anaingia na mizigo ya sikukuu. Anatoa mfukoni mfuko wa biskuti tamu, anakula mbili, kisha anapangusa mdomo kabla hajamwita mumewe. Mume ameshapiga marufuku biskuti hizo. Baadaye anamuuliza kwa utani kama hakupitia kwa mwokaji, na Nora anakana waziwazi.

Msomaji mwenye haraka anapita hapo akisubiri mambo mazito. Wewe weka duara, maana kitabu chote kimo ndani ya mfuko ule: mwanamke mzima, mama wa watoto watatu, anakula kwa kujificha. Mbele kidogo tunagundua kwamba siri yake ni kubwa kuliko biskuti. Alikopa fedha ili kuokoa maisha ya mumewe, akaghushi sahihi ya baba yake, na kwa miaka mingi amelipa deni kimyakimya kwa kubana fedha za nguo zake na kwa kufanya kazi ya kunakili maandishi usiku. Halafu anatamka neno ambalo ningelipigia duara mara mbili: kazi ile ilimchosha, lakini kukaa pale akitafuta fedha kulimfurahisha, ilikuwa karibu kama kuwa mwanamume.

Hiyo ndiyo tamaa niliyokuwa naitafuta. Si biskuti wala si mume mwingine. Ni ladha ya kufanya kazi na kuona matunda yake. Ukishaiona, mwisho wa mchezo, Nora anapotoka na kufunga mlango nyuma yake, haukushangazi tena. Ulishtua watu kiasi kwamba kwa ajili ya jukwaa la Ujerumani Ibsen alilazimika kuandika mwisho mwingine ambamo Nora anabaki kwa sababu ya watoto. Mwenyewe aliuchukia.

Tahadhari: tamaa ya mwanamke kitabuni mara nyingi haisemwi kwa jina lake. Tafuta anachokitazama kwa muda mrefu, anachokificha, anachokirudia, na anachokidharau kwa nguvu isiyo ya kawaida.

Hatua ya 4: Fuata nyumba, pesa na ufunguo

Mapenzi yanasemwa sana vitabuni, pesa zinasemwa kidogo. Basi wewe zitafute. Nyumba ni ya nani? Hati ina jina gani? Nani ana ufunguo? Mshahara unaingia mkono gani?

Katika *Barua Ndefu Kama Hii*, Ramatoulaye amefiwa na mume na yuko katika eda ya miezi minne na siku kumi. Anamwandikia rafiki yake wa tangu utotoni, Aissatou. Wasomaji wengi wanakumbuka kwamba mume alioa rafiki wa binti yake mwenyewe. Wachache wanakumbuka nyumba. Wakati mambo ya marehemu yanafunuliwa mbele ya familia, mjane anagundua kwamba nyumba waliyoinunua kwa akiba ya wote wawili iliwekwa rehani ili bibi mdogo apate nyumba yake. Soma sehemu hiyo polepole. Usaliti wa kitandani una majina mengi na nyimbo nyingi, ila usaliti wa rehani haujaimbiwa hata wimbo mmoja. Baadaye shemeji anapokuja kutangaza kwamba atamrithi, na Ramatoulaye anamkatalia kwa maneno makali, utajua hasira ile haikuanza siku hiyo.

Virginia Woolf, mwandishi wa Uingereza, alilisema wazi mwaka 1929 katika *A Room of One's Own*: mwanamke akitaka kuandika anahitaji paundi 500 kwa mwaka na chumba chenye kufuli mlangoni. Msimulizi wake anapata urithi wa shangazi karibu wakati uleule wanawake wanapopewa kura, na anakiri kwamba kati ya hivyo viwili, pesa zilionekana muhimu zaidi. Wengine wanamlaumu kwa kusahau wanawake wasio na shangazi tajiri. Wana haki. Lakini hesabu yake bado inafaa kupimia kitabu chochote: huyu mwanamke ana mlango wa kufunga?

Hapa lazima utoke nje ya kitabu kidogo na utafute sheria ya wakati ule. Dakika kumi zinatosha. Je, aliweza kumiliki mali, kurithi, kukopa, kudai talaka, kukaa na watoto? Uingereza, mpaka sheria za mwaka 1870 na 1882, kwa kawaida mali na kipato cha mke vilikuwa chini ya mumewe. Ukijua hilo, zile posa zote za riwaya za karne ya 19 zinaacha kuwa mapenzi matupu, zinakuwa uamuzi wa kiuchumi wa mtu mwenye nafasi moja tu ya kuchagua. Ufaransa, wanawake walipiga kura kwa mara ya kwanza mwaka 1945, na ni mwaka 1965 tu ambapo mke aliruhusiwa kufungua akaunti ya benki bila idhini ya mume. Yaani Beauvoir aliandika kitabu chake kikubwa miaka 16 kabla ya akaunti hiyo.

Hatua ya 5: Rudi umtazame mwanamke wa pembeni

Usomaji wa pili haulazimu uwe wa kitabu kizima. Chagua mwanamke ambaye hadithi haimpendi, au inampita tu: mtumishi, mama mkwe, bibi mdogo, mwendawazimu wa ghorofani. Soma upya kurasa zake tu, ukimwuliza swali lilelile.

Mfano mkubwa kuliko yote umeshaandikwa. Katika *Jane Eyre*, mke wa kwanza wa Rochester, bwana ambaye Jane anampenda, amefungiwa juu ya nyumba. Tunasikia kicheko chake, tunaona moto wake, neno lake hatulisikii. Jean Rhys, aliyezaliwa katika kisiwa cha Dominica, alikaa na mwanamke huyo moyoni kwa miaka mingi, na mwaka 1966 akatoa *Wide Sargasso Sea*, akampa jina lingine, utoto, bustani na sababu. Visome vyote viwili kwa mpangilio huo, cha 1847 kwanza. Vikikaa pamoja kwenye rafu vinagombana, na ugomvi wao una faida kwako.

Kisha jaribu mwenyewe bila msaada wa Rhys. Binetou, yule bibi mdogo wa Mariama Bâ, ni mwanafunzi aliyeachishwa shule kwa sababu mama yake aliitaka raha ambayo hakuipata maishani. Ramatoulaye ana haki ya kumchukia, wewe huna. Andika aya moja ya barua ambayo Binetou angeandika. Mimi niliandika yangu nikaichana, lakini tangu siku hiyo siwezi tena kumwita mwizi wa mume.

Hatua ya 6: Kitabu cha mwanamke kilichoandikwa na mwanamume

Havikwepeki, na baadhi ni vizuri sana. Gustave Flaubert alishtakiwa mwaka 1857 kwa ajili ya *Madame Bovary*, akaachiwa huru. *Rosa Mistika* ya Euphrase Kezilahabi (1971) ilizuiwa shuleni Tanzania kwa muda, kwa sababu ilithubutu kusema baba anayemfungia binti kama mbuzi anamtoa nje bila kinga yoyote. Katika *Utengano* ya Said Ahmed Mohamed (1980), Maimuna naye anafungiwa ndani na baba, Maksuudi, mpaka anatoroka.

Maswali mawili yanatosha. Je, mwanamke huyu anafikiri jambo lolote pale ambapo hakuna mwanamume wa kumfikiria? Na je, tamaa yake inaadhibiwa kwa kifo? Emma Bovary anakunywa sumu, Anna Karenina wa Leo Tolstoy anajitupa chini ya treni, Rosa naye anakufa. (Samahani kwa ambao hawajafika mwisho.) Msikimbilie kusema ni chuki ya wanaume, maana Kate Chopin, mwanamke, naye mwaka 1899 alimpeleka mhusika wake baharini asirudi. Ulizeni badala yake: mwandishi huyu anasema kifo ni haki yake, au anasema hakuachiwa mahali pa kuishi?

Hatua ya 7: Simulizi za kweli zisome kwa sikio

Tawasifu, barua, shajara na mahojiano vina mtego wao: tunadhani ukweli umekuja mzima. Mtu anayeeleza maisha yake naye anachagua.

Mwalimu bora hapa ni Svetlana Alexievich wa Belarus, aliyepata Tuzo ya Nobel ya Fasihi mwaka 2015. Alizunguka akiwahoji mamia ya wanawake wa Kisovieti waliopigana Vita Kuu ya Pili kama wadunguaji, marubani, madereva wa vifaru na wauguzi. Kitabu, *The Unwomanly Face of War* kwa Kiingereza, kilitoka mwaka 1985, na sehemu zilizokatwa na wakaguzi wa maandishi alizirudisha baadaye. Anasimulia nyumba moja ambapo mume na mke wote walikuwa wapiganaji. Mume anampisha mkewe azungumze shingo upande, na mke anakiri kwamba usiku uliotangulia bwana alikesha akimfundisha historia ya vita, asije akaharibu mambo kwa machozi na mambo madogo ya kike. Hayo madogo ndiyo Alexievich aliyafuata: viatu vikubwa kupita mguu, nywele zilizokatwa, sauti ya ndege asubuhi ya vita.

Basi ukisoma simulizi ya kweli, weka alama pale sauti inapobadilika kuwa ya gazeti au ya hotuba. Mara nyingi mtu mwingine yuko chumbani. Kisha tafuta pale inaporudi kwenye kitu cha kushika mkononi.

Tafsiri nazo ziangalie. Tafsiri ya kwanza ya Kiingereza ya *Le Deuxième Sexe*, ya mwaka 1953, ilikatwa sehemu nyingi, zikiwemo habari za wanawake wa historia, na tafsiri kamili ilingojewa mpaka 2009. Kwa zaidi ya miaka hamsini watu walibishana na kitabu ambacho hawakuwa wamekisoma chote. Tazama ukurasa wa mwanzo uone kama umeshika tafsiri kamili au kifupisho.

Hatua ya 8: Daftari la mistari minne

Usiandike muhtasari, huo umejaa kila mahali. Kwa kila kitabu andika mistari minne tu: anataka nini, nani anazuia, analipa nini, na kitu kimoja cha kushika mkononi. Daftari langu la *Nervous Conditions* linasomeka hivi:

*Tambu. Anataka ada ya shule. Wanazuia: umaskini, baba anayeuliza kama atampikia mume vitabu, kaka anayemwibia mahindi. Analipa: anajitenga na mama yake hatua kwa hatua, bila kujua ni lini alianza. Kitu: hindi bichi alilolipanda mwenyewe.*

Dakika tano tu. Baada ya vitabu sita au saba, soma mstari wa pili peke yake, ule wa nani anazuia, kitabu baada ya kitabu. Nilipofanya hivyo niligundua kwamba nilikuwa nimeandika "mama" mara nyingi kuliko "mume". Sikutarajia, na vitabu vitatu vilivyofuata nilivichagua kwa sababu ya neno hilo.

Hatua ya 9: Kusoma na wenzako

Watu watano mpaka wanane wanatosha. Zaidi ya hapo, wawili watazungumza na wengine watatikisa vichwa. Kubalianeni kitabu kifupi na muda wa kutosha, na aliyefika nusu aje vilevile, ila akubali kuambiwa mwisho.

Msianze na "mmekionaje?" Swali hilo huzaa "kizuri" na kimya. Anzeni kwa kila mmoja kusoma kwa sauti mistari michache aliyoiwekea duara, bila maelezo. Mtashangaa mmechagua kurasa tofauti kabisa, na mazungumzo yataanza yenyewe: kwa nini wewe hapo, mimi pale?

Pigeni marufuku swali moja: "wewe ungefanyaje?" Linageuza kikao kuwa mahakama, na aliyepitia jambo hilohilo ananyamaza. Ulizeni "yeye alikuwa na njia zipi?" kisha mzihesabu kwenye karatasi, moja baada ya nyingine, na kila njia iandikiwe gharama yake kwa kurudi kwenye kurasa.

Vitabu hivi vina ubakaji, vipigo, kuharibika kwa mimba, kujiua. Mwenye kuandaa kikao aseme mapema kilichomo, na mtu awe huru kukiruka kitabu bila kutoa sababu. Mtu akianza kusimulia yake badala ya ya mhusika, funikeni vitabu msikilize, na msirudi kwenye riwaya mpaka yeye mwenyewe aseme turudi.

Kukiwa na wanaume kikaoni, wapewe wao kusoma kwa sauti maneno ya wahusika wa kike. Nilimsikia bwana mmoja mwenye sauti nzito akisoma jibu la Ramatoulaye kwa shemeji yake. Alipofika katikati alipunguza kasi, akarudi nyuma mstari mmoja, akausoma tena bila kuombwa.